Majengo ya Nairobi ni mtoto wa mji gani?

Kuna nyumba moja Majengo, hatua chache kutoka Barabara ya Quarry kule Gikomba, ambayo nimeingia mara nyingi tangu utotoni. Mbele ina kibaraza cha udongo kilichopigwa saruji juu, kimelainika kwa kukaliwa na watu wa vizazi vitatu. Ukivuka kizingiti unaingia koridoni. Kuna giza kidogo hata saa sita mchana, na upana ni wa mtu mmoja na ndoo yake. Kushoto milango mitatu, kulia milango mitatu. Kila mlango una pazia, na pazia ndilo linalokuambia habari za mwenyewe: mlango ukiwa wazi na pazia limeshushwa, yumo lakini hataki kuchunguliwa, pazia likifungwa fundo, karibu, ingia, chai ipo.

Mwisho wa korido ni uani, na uani ndiko maisha yaliko. Huko kuna mfereji, kamba za nguo, majiko ya makaa, choo na bafu vilivyoegemea ukuta wa nyuma. Mahali lipu ilipobanduka unaona mifupa ya nyumba: nguzo, fito zilizofungwa kwa kupitana, na udongo mwekundu uliokandikwa katikati. Paani, katikati ya mabati ya juzi, bado vipo vipande vilivyoliwa na kutu vya madebe ya mafuta ya taa yaliyopasuliwa na kunyooshwa zamani.

Swali ambalo wageni huniuliza, na ambalo hata sisi wazaliwa wa Nairobi huulizana, ni hili: kwa nini nyumba kama hii ni ya udongo mpaka leo, zaidi ya miaka mia moja tangu mtaa uanze, katika jiji lililokalia mawe? Quarry ni machimbo ya mawe. Jina la barabara lenyewe linasema. Mawe ya Njiru na ya Ndarugu yamejenga nusu ya jiji hili. Jibu la haraka ni umaskini. Jibu hilo limeanzia mwisho wa hadithi, na ukianzia mwisho hutaelewa Majengo, wala Pipeline, mtaa wa gorofa za kupanga, wala gorofa unayoishi mwenyewe.

Tuanze na nyumba.

Nyumba ya Kiswahili ni ipi?

Watu wakitaja nyumba ya Kiswahili, wengi hupata picha ya Lamu. Ni picha ya kweli, lakini ni ya nyumba moja kati ya kadhaa. Jumba la mawe la Lamu hujengwa kwa matumbawe na chokaa, kuta nene, paa bapa lililobebwa na boriti za mikoko. Urefu wa boriti ndio unaoamua upana wa chumba, ndiyo maana vyumba vya majumba hayo ni virefu na vyembamba, kadiri ya mita mbili na nusu hadi tatu kwa upana. Unaingia kupitia daka, yaani ukumbi wa mlangoni, unafika kiwanda, yaani ua wa ndani ulio wazi juu, kisha misana, vyumba virefu, inafuatana, na kila ukisogea unaingia mahali pa faragha zaidi, hadi ndani kabisa, penye zidaka, vishubaka vilivyopangwa ukutani. Jumba hilo lilijengwa na waungwana ili likae, lirithiwe, liozeshe mabinti. Jiwe lilikuwa hadhi. Si kila mtu aliyekuwa na ruhusa ya kijamii ya kujenga kwa jiwe.

Lakini hata Lamu kwenyewe, ambako UNESCO iliuandikisha mji mkongwe katika Urithi wa Dunia mwaka 2001, mawe hayakuwa mji mzima. Mkomani ndiko kwenye majumba. Langoni, upande wa kusini, wageni na watu wa kawaida waliishi katika nyumba za udongo na makuti. Ibn Battuta alipopita Mombasa mwaka 1331 aliandika juu ya misikiti ya mbao iliyojengwa vizuri. Kwa hiyo mbao, fito na udongo si kushuka kutoka jiwe. Vimekuwa sehemu ya mji wa Waswahili tangu zamani, ila havibaki kama magofu, na kisichobaki kama gofu watalii hawakipigi picha.

Kisha kuna nyumba ya tatu, ndiyo ninayoizungumzia: nyumba ya korido. Pwani wengi huiita korido hiyo ukumbi. Imenyooka kutoka mlango wa mbele hadi uani, vyumba pande zote mbili, paa la mgongo, baraza mbele. Utaikuta Mombasa, Tanga, Dar es Salaam, na ndani ya bara mpaka Tabora na Ujiji. Ukiipanga miji hiyo kwenye ramani, umechora njia za misafara ya karne ya 19. Hiyo ndiyo nyumba iliyosafiri. Jumba la mawe halikusafiri. Lilihitaji matumbawe, chokaa, mafundi na mwenye mali asiye na haraka. Nyumba ya korido ilihitaji miti, udongo na majirani wa kusaidia kukandika.

Nawaomba wasomaji watazame akili iliyomo katika ramani yake. Mwenye nyumba anachukua chumba kimoja au viwili, vilivyobaki anapangisha. Hakuna chumba kinachopita ndani ya chumba kingine, kwa hiyo wapangaji wasiojuana wanaweza kulala chini ya paa moja bila kuvunjiana heshima. Wanaume wanaongea barazani, wanawake wanatawala uani, na mgeni anayetafuta mtu anaishia kibarazani mpaka aitwe. Ni nyumba ya mji wa wageni, na ilifanyiwa majaribio kwa miongo mingi kabla Nairobi haijakuwepo.

Vijiji kabla ya mtaa

Misafara iliyotoka Mombasa ilikuwa ikipumzika Ngongo Bagas, karibu na Ngong ya leo, na kununua chakula kwa Wakikuyu. Kwa hiyo reli ilipofika tarehe 30 Mei 1899 penye maji baridi ambayo Wamaasai waliyaita Enkare Nairobi, Kiswahili kilikuwa kimetangulia. Kando ya kambi ya reli viliota vijiji: Pangani, Mji wa Mombasa, Maskini, Kaburini, Kileleshwa. Yasome majina hayo polepole. Pangani ni mji wa pwani ya Tanzania ambako misafara ilianzia. Mji wa Mombasa unajieleza. Hata sasa ndani ya Majengo kuna sehemu inayoitwa Digo, jina la watu wa Pwani.

Waliokaa humo hawakuwa wa Pwani wote. Walikuwamo wapagazi na askari waliostaafu, wachuuzi, na Wakikuyu, Wakamba, Waganda na wengine waliotoka makwao kwa sababu mia moja. Wengi walisilimu, wakaoa na kuolewa humo, wakajenga nyumba za korido, wakawa Waswahili wa Nairobi. Huko Kibra, wanajeshi Wanubi nao walikuwa wakianza maisha yao msituni, kwani neno hilo kwa Kinubi ni msitu, lakini hiyo ni historia yenye mizizi mingine na inastahili makala yake.

Mwaka 1902 tauni ilizuka katika Bazaar ya Wahindi, na serikali ikaiteketeza kwa moto. Tauni huletwa na viroboto vya panya, na panya hupenda mahali pasipo mitaro wala uzoaji wa taka. Dawa yake ilikuwa mitaro. Mwaka 1913 Profesa W. J. Simpson, mtaalamu wa afya aliyetumwa kutoka Uingereza, alipendekeza jamii zitenganishwe kwa rangi katika miji ya Afrika Mashariki, na pendekezo hilo likapewa sura ya usafi. Naliona kuwa ndilo tukio zito kuliko yote katika ujenzi wa jiji hili, zito kuliko jengo lolote. Tangu hapo ugonjwa ulihesabiwa kuwa tabia ya watu na si hali ya mahali. Magharibi, kwenye vilima vya udongo mwekundu unaopitisha maji, wakakaa Wazungu. Wahindi wakawekwa Parklands na Ngara. Mwafrika akasukumwa mashariki, kwenye tambarare ya udongo mweusi wa mfinyanzi, ule unaovimba mvua ikinyesha na kupasuka jua likiwaka. Mtu yeyote aliyepiga msingi Eastlands anaujua udongo huo. Unakula mawe na saruji kabla ukuta haujaonekana.

Mapema miaka ya 1920 vijiji vikaanza kubomolewa kimoja baada ya kingine, na wenye nyumba wakaonyeshwa mahali papya: Pumwani. Serikali iliandika Pumwani. Watu walioona nyumba nyingi zikijengwa kwa mkupuo wakasema Majengo, na jina la watu likashika. Leo kuna Majengo Mombasa, Majengo Nyeri, Majengo Nanyuki, Majengo Embu, na kila moja ukiingia utasikia adhana na utaikuta korido.

Nyumba yetu, kiwanja chao

Sasa tunafika kwenye fundo lenyewe. Katika Pumwani halmashauri ilipima viwanja, ikampa mtu ruhusa ya kujenga kwa gharama yake, na kila mwaka akalipa ada ya kiwanja. Nyumba ilikuwa yake. Aliweza kuipangisha na kuirithisha. Ardhi chini ya nyumba haikuwa yake, na haikukusudiwa iwe yake. Sera ya wakati ule ilimchukua Mwafrika kama mgeni mjini, aliyekuja kufanya kazi na ambaye siku moja atarudi kwao. Mgeni hapewi hati.

Nenda ukajenge jumba la mawe juu ya kiwanja ambacho mwenyewe anaweza kukudai. Hakuna mtu mwenye akili timamu atakayefanya hivyo. Utajenga kitu ambacho hasara yake inavumilika, ambacho kodi za miaka michache zimekwisha kukirudisha. Udongo, fito na madebe havikuchaguliwa kwa kukosa ujuzi. Vilikuwa hesabu sahihi kabisa ya watu walioelewa sheria waliyowekewa. Na kwa kuwa karatasi ile haikuwa hati, hakukuwa na mkopo wa benki, na bila mkopo hata aliyetaka kuthubutu alibaki pale pale. Umaskini ulizaliwa humo; ndio maana nilisema jibu la umaskini limeanzia mwisho.

Mombasa ilikuwa na kisa cha ndugu. Baada ya Sheria ya Hati za Ardhi ya mwaka 1908, sehemu kubwa ya ardhi ya Pwani iliandikwa kwa majina ya wachache, na maelfu ya watu wakabaki na nyumba bila ardhi, wakilipa kodi ya kiwanja kwa mwenye shamba. Huko mwenye ardhi alikuwa mtu binafsi, huku alikuwa halmashauri, lakini ukuta uliotokea ni ule ule wa udongo.

Siku moja nilimuuliza bibi mwenye ile nyumba ya Barabara ya Quarry kuhusu haya. Nilimwamkia, akaniitikia marahaba, akamtuma mjukuu alete kopo la biskuti kutoka chini ya kitanda. Ndani yake hakukuwa na biskuti. Kulikuwa na risiti za ada ya kiwanja, zimefungwa kwa uzi kwa mafungu, nyingine zikiwa na jina la mama yake kwa wino uliogeuka kahawia. Alizipanga juu ya mkeka kama mtu anayepanga karata, mwaka baada ya mwaka.

"Mwanangu," alisema, "nyumba ni yetu, kiwanja ni chao. Hizi ndizo zinazosema tulikuwepo."

Jina la mama yake. Hilo nalo si jambo dogo. Wenye nyumba wengi wa Pumwani ya mwanzo walikuwa wanawake. Mashambani, ardhi ilipitia mikononi mwa baba, mume na kaka. Huku mwanamke aliweza kuandikwa kwa jina lake, akajenga kwa fedha alizopata kwa kupika, kuchuuza, kutengeneza pombe, na wengine kwa umalaya, kazi iliyojenga vyumba vingi vya Nairobi kuliko watu wanavyopenda kukiri. Alipokuwa na chumba cha kupangisha alikuwa na uzee wa heshima. Wengi wao walilea watoto wa wenzao na kuwaachia nyumba. Ukoo ulianzia kwenye korido.

Walichojifunza Pangani

Kijiji cha Pangani kilidumu kuliko vingine, hadi mwaka 1938 na 1939 kilipobomolewa. Wakazi wakahamishiwa nyumba mpya za halmashauri, mtaa ambao ukaitwa Shauri Moyo. Husimuliwa kwamba jina hilo ni kauli ya wenye nyumba waliotakiwa kuchagua kitu ambacho hakikuwa na uchaguzi. Kumbuka tofauti: Pangani mtu alikuwa mwenye nyumba. Kule alikohamia, nyumba ni ya halmashauri. Na Pangani yenyewe, ardhi ile ile, ikaja kujengewa nyumba za mawe kwa ajili ya Wahindi. Walioona hayo kwa macho yao walirudi Majengo wakiwa na hakika kwamba udongo ni busara.

Kulikuwa na njia nyingine ambayo jiji lilijaribu kumlaza mfanyakazi, nayo ni landhi. Reli ilizijenga Muthurwa: safu ndefu za vyumba, kila mlango unatazama nje, chumba cha kapera mmoja au makapera kadhaa. Kariakor, iliyopata jina kutoka kwa jeshi la wapagazi wa Vita Kuu ya Kwanza, nayo ilijengewa mabweni. Jengo la landhi linamjua mtu kama namba ya kazi. Ukiacha kazi, unaacha chumba. Halina baraza, kwa hiyo halina mahali pa mzee kukaa. Halina uani unaofungwa, kwa hiyo mama na watoto wanaishi machoni pa kila mpita njia. Kaloleni, iliyojengwa miaka ya 1940, ndiyo ilikuja na wazo jingine, la nyumba za familia kuzunguka viwanja vya majani na ukumbi wa mikutano katikati, na ndiyo maana wazee wake wanaitaja kwa mapenzi hadi leo. Lakini nyumba za namna hiyo zilikuwa chache mno kwa watu waliokuwa wakiingia. Nairobi ilipopewa hadhi ya jiji mwaka 1950, aliyefika na sanduku lake jioni bila mwajiri wa kumlaza alikuwa bado anaelekezwa Majengo, kwenye korido ya mtu.

Baada ya uhuru mtaa wa California ulijengwa ili watu wa Majengo wahamie humo. Wengi hawakumudu kodi. Mtu wa Majengo hakushindwa na nyumba nzuri. Alishindwa na nyumba isiyompa chumba cha kupangisha.

Jambo hilo lilijionyesha wazi Dandora. Katikati ya miaka ya 1970 serikali, kwa mkopo wa Benki ya Dunia, ilianza kugawa viwanja 6,000 vilivyokuwa na maji na choo, na kila mtu akaachiwa ajimalizie nyumba ya familia. Watu walipoachiwa wajenge wenyewe, walijenga nini? Vyumba kuzunguka uani. Chumba cha mwenyewe, vingine vya wapangaji, mfereji mmoja, choo cha pamoja. Ploti, kama tunavyoiita. Hakuna mchoraji aliyewafundisha. Baba zao, au wenye nyumba wao wa kwanza, walikuwa watu wa Majengo.

Safari hii walikuwa na karatasi mikononi, kwa hiyo walijenga kwa mawe. Ndilo thibitisho ambalo ningempa mtu yeyote anayedhani udongo wa Majengo ni tabia: watu wa aina ile ile, kipato kile kile, ramani ile ile, lakini ukibadilisha karatasi, ukuta unabadilika.

Kutoka hapo ni hatua fupi kufika Huruma na Pipeline. Bei ya ardhi ikapanda, ploti ikasimamishwa wima. Uani ukawa tundu la mwanga katikati ya gorofa saba, baraza likaliwa na maduka, korido ikabaki. Chumba ni futi kumi kwa kumi, karibu mita tatu, upana unaokaribia ule wa chumba cha Lamu. Nisimdanganye mtu kwamba kuna uhusiano. Wa Lamu uliamuliwa na boriti ya mkoko, huu umeamuliwa na kodi. Kilichorithiwa ni mpango wa watu: wageni pande mbili za njia moja, maji ya pamoja, na sheria ambazo hazikuandikwa popote za kupishana bila kugusana.

Kilichopotea ni uani, na nauhesabu kuwa hasara kubwa. Uani wa Majengo ulikuwa na mtu mzima wakati wote. Mtoto aliyeanguka aliokotwa na aliye karibu, na mgonjwa aliyeshindwa kutoka alijulikana kabla ya adhuhuri kwa sababu jiko lake halikuwashwa. Katika gorofa majiko yameingia vyumbani, milango imekuwa ya chuma, na mtu anaweza kuugua kwa siku tatu jirani akidhani amesafiri.

Hata hivyo mwezi uliopita nilipanda gorofa ya nne Pipeline kumpelekea rafiki yangu mtungi wa gesi. Korido ilikuwa na giza kidogo, upana wa mtu mmoja na mtungi wake. Milango ya chuma kushoto na kulia, mingi imefunguliwa kwa ajili ya joto, na kila mmoja una pazia. Mbele ya chumba chake nilisimama nikitaka kubisha, kisha nikaona pazia limefungwa fundo.